Filamu Yako Haikatwi, Dada

Dada yangu Zuwena,

Mwenzio wa London amepiga simu tena, yule uliyefanya naye kazi miaka yote. Anataka nisaini ili filamu yako ya mwisho, ile ya mama, ionyeshwe kwenye televisheni ya Uingereza. Lakini maamkizi yote ya mwanzo yatolewe, na sauti ya mama ifunikwe kwa Kiingereza. Eti watazamaji watachoka.

Nakumbuka ulivyokuja na kamera na mpiga picha wa Kizungu nyumbani Ibra, huku Oman. Ulikuwa mwongozaji mkubwa huko Uingereza, umeshapiga filamu magerezani, hospitalini, migodini. Ukambandika mama kipaza sauti kwenye mtandio, ukakaa, ukauliza, "Mama, mlitokaje Zanzibar?"

Mama akakutazama. "Hujaniamkia, unaniuliza safari? Ndivyo mlivyofundishwa Ulaya?"

"Mama, si tumeamkiana asubuhi?"

"Asubuhi hakikuwepo hichi kidude. Na huyu Mzungu wako, hana mdomo?"

Ulicheka mpaka machozi. Ukaanza upya: shikamoo, habari za Nizwa, habari za Sur, mgonjwa wa Bidbid anaendeleaje. Mpiga picha naye akafundishwa shikamoo, akamwamkia hata mwanangu wa miaka minne. Mama ndiye aliyesema, "Haya, sasa uliza." Akaeleza yote, hata habari za kaka yake aliyebaki kule, ambazo sisi wanawe hatukupata kuzisikia.

Jioni, unakunja nyaya, uliniambia polepole, "Miaka yote hii nimewauliza watu kabla ya kuwaamkia."

Filamu hii uliihariri mwenyewe, tayari unaumwa, ukaniachia mimi. Ndiyo maana jana nimemjibu kuwa sisaini. Akanambia kwa upole kwamba bila ya televisheni hakuna atakayeiona, na jina lako litapotea. Wanijua, mimi si mtu wa kugombana. Nikasema hapana mara ya pili.

Mama alikuwa pembeni, anasikiliza. "Mwambie, hadithi nilimpa mwanangu. Yeye sikumpa."

Nikamwambia.

Ijumaa baada ya alasiri tunaionyesha hapa Ibra, sebuleni kwa wanawake, halafu Sur kwa binamu zetu. Nzima, kama ulivyoiacha. Atakayechoka, mlango uko wazi.

Pumzika, dada. Mola akulaze pema.

Mdogo wako