Maji ya Ukuta Niliyoyanywa

Nyakabiga, Bujumbura
Jumapili, baada ya Alasiri

Dada yangu Yasmina,

Assalaam alaykum. Natumaini huko Kigoma mu wazima, wewe na shemeji na kale kadogo kenu kanakoota meno. Sisi tu wazima. Bibi Sijaona magoti yanamsumbua, lakini ulimi hausumbuliwi na kitu. Kabla ya kusoma, inyunyizie karatasi hii maji kidogo kwa vidole, kama alivyotufundisha. Maneno haya yametoka mbali, na yenye kiu huruka mistari.

Najua unashangaa kuona mwandiko. Habari lazima zimekufikia kwamba Bujumbura haina tena hata herufi moja. Ni kweli. Maandishi yote yaliondoka Jumanne asubuhi. Nilikuwa njiani kwenda shule nikaona kibao cha duka la Mzee Obeid kinajitikisa kama mbwa aliyelowa, kisha herufi zikashuka ukutani, kubwa mbele, ndogo nyuma, zikakata barabara. Mzee Obeid alizifuata na ufagio mkononi, akazibembeleza, akaziahidi rangi mpya. Hazikugeuka. Vitabu vikawa vyeupe, vitambulisho vikabaki picha tupu. Yote yakateremka mto Ntahangwa, na mpaka leo yamekaa kwenye changarawe chini ya daraja, yamenyamaza. Mwanzoni watu walicheka. Madereva wa basi walitaniana kwamba sasa polisi watawaandikia faini hewani.

Kicheko kiliisha hospitalini Kamenge. Mama yake Irène, yule rafiki yangu wa dawati moja, amelazwa kule, na chupa za dawa hazina majina. Wauguzi wanasema hawatamchoma mtu dawa ya kubahatisha, na wana haki. Jana Irène alikuja hapa. Hakulia. Aliuliza tu kama Bibi anajua la kufanya. Mi nikaangalia miguu yangu.

Nikueleze basi jambo hili lilivyoanza. Unanijua: mwalimu akiita majina najibu, ila sauti haifiki dawati la pili, naandikwa sipo. Nimeandikwa sipo mpaka wenzangu wananiita Mzimu. Siku moja nikachukua mkaa, nikaandika nyuma ya vyoo vya shule: "Na mi niko." Kwa Kiswahili chetu, ingawa pale ni Kifaransa na Kirundi tu. Nilidhani jua litayaua maneno yale. Kumbe watoto wa Buyenzi, mtaa wa Waswahili, waliyanywesha maji kila mapumziko, yakanenepa, yakaita mengine. Ukuta ukajaa majina, salamu, utani juu ya maharage ya shule. Mtu akipita, yanacheka.

Madamu Elvire, mkuu wa shule, akasema ule ni uchafu wa sokoni. Jumatatu alitupanga wote tutazame, akaagiza ukuta uoshwe na maji yake yamwagwe mferejini. Ndoo alinipa mimi, kwa sababu mi sibishi.

Unakumbuka makombe ya Bibi, dada. Aya inaandikwa kwa zafarani kwenye sahani, inaoshwa kwa maji, mgonjwa anakunywa, na hata tone halianguki pale watu wanapokanyaga. Nilipofika mferejini nilichungulia ndani ya ndoo nikaona maneno yangu, "Na mi niko", yanaogelea, yananitazama. Mkono ulikataa. Nikapiga magoti, nikanywa mkaa na yote, mpaka chini.

Hilo ndilo ninalokiri, na wewe ni wa pili kulijua. Maandishi ya mji yalipokwenda mferejini kuwatafuta wenzao, hayakukuta hata weusi wa maji. Yakaamini wameuawa, yakaondoka. Heshima yangu ndiyo iliyoyadanganya.

Leo nimemwambia Bibi. Nilingoja kofi. Alinishika kidevu, akanitazama kooni, akasema, "We mutoto, kombe haitapikwi. Ulikunywa maneno, utayasema. Palepale, mbele ya wale waliyaona yakioshwa. Yale ya mutoni yakisikia wenzao wako hai, yatarudi."

Nikajaribu kunong'ona juu ya karatasi. Likatoka neno moja, likatulia, likaita lingine. Ndiyo unayoyasoma. Lakini mnong'ono unatosha barua, hautoshi mji.

Madamu Elvire ametangaza kwamba atakayeirudisha lugha ile ukutani atafukuzwa siku hiyohiyo. Afukuze. Sitaomba radhi. Kifaransa nakipenda, nakisoma vizuri kuliko Claude wa darasa letu anayejisifu, na hakijawahi kuniomba nikiulie ndugu yake. Mama yake Irène hawezi kufa kwa sababu mi naona haya.

Nisalimie shemeji, na kadogo ukakabusu shavu lenye mate. Bibi anakusalimu sana, anaomba mawese ya Kigoma, si yale ya mwaka jana. Unitandikie mkeka huko kwako, kama nitakuja bila shule.

Daftari la majina nalo ni jeupe, kwa hiyo tangu Jumanne, kila asubuhi mbele ya bendera, hatua chache tu kutoka ukuta ule, Madamu Elvire anatuita kwa kukumbuka. Anawakumbuka wote. Mimi hajaniita hata mara moja. Kesho pia hataniita.

Nitajibu.

Mdogo wako,
Saliha