Chapa ya Pikapu

Jumamosi, Bariadi

Na mimi nilivyojiona mtaalamu kwa sababu ya simu! Baba alishapanga kuuza ng'ombe wanane anunue pikapu ya bwana mmoja wa Malampaka. Leo kaizunguka kama anakagua fahali: kapiga matairi teke, kasikiliza injini, kacheka. Nikamwomba tuhakiki kwanza namba ya chasisi.

"Gari ni injini, mwanangu. Namba ni za polisi."

Nikaingiza mtandaoni namba iliyo kwenye kadi ya gari. Mwaka sawa, injini sawa, hadi rangi. Nikaona aibu kwa kutia shaka.

Hapo Baba akainama, akaipapasa namba yenyewe iliyogongwa kwenye chuma. Vidole vyake vimezoea chapa za ng'ombe.

"Hii imesuguliwa, ikapigwa nyingine juu," akasema. "Ng'ombe wa hivi hanunuliwi. Anatafutwa mwenyewe aliyeibiwa."

Mwenye pikapu akakumbuka ghafla kwamba ana msiba Lalago.

Tumerudi tunacheka njia nzima. Ng'ombe wote wanane wako zizini.

Ila kuna jambo sijamwambia Baba. Kagari kangu nilikanunua kwa kupenda rangi tu. Namba yake hata sijui iko wapi.