Vigingi Ishirini Kwako, Ishirini Kwangu

Jumatatu, 12 Mei

Madaftari ya Gredi ya Tano tena. Chumba kina urefu wa mita sita na upana wa mita nne. Kapeti ya kukienea ina eneo gani? Nusu ya darasa wameandika ishirini. Wamejumlisha kuta nne, wakazunguka chumba chote bila kuingia ndani. Mmoja ameandika kilomita ishirini na nne. Kapeti ya kutoka hapa Mugutha hadi Nairobi.

Kitabu nacho upuuzi. Nani hapa ana kapeti ya ukuta kwa ukuta?

Kitu pekee cha maana katika staffroom ni sakafu. Iliwekwa na kaka yangu Ndung'u, fundi wa tiles. Mikono anayo. Kichwa ndicho hana. Hesabu ilimshinda akiwa darasa la sita, nami ndiye niliyekuwa nikimfanyia homework.

Amepiga simu. Ameshapima shamba la marehemu baba kule Gatuanyaga, tugawane. Jumapili ukoo unakutana kupanda matoka, yale mayungiyungi ya kuonyesha mpaka.

Jumatano, 14 Mei

Nimetoka shule nikaenda kujionea. Vumbi hadi kwenye meno.

Amepima kwa tepu yake ya kazi, akapiga kigingi kila baada ya mita kumi. Kipande changu kiko mbele, kando ya barabara. Urefu tisini, upana kumi. Chake kiko nyuma. Hamsini kwa hamsini. Akanitembeza kuzunguka vyote viwili huku akihesabu kwa sauti.

"Mwalimu, si umejionea? Zako twenty, zangu twenty. Na yako iko kwa barabara. Hapo nimekuonea wapi?"

Nilicheka. Nilicheka mpaka nikakohoa. Mia tisa kwa elfu mbili na mia tano, na huyu mtu mzima anaona ni sawa kwa sababu vigingi ni sawa! Ng'ombe akigeuka kwenye hiyo mita kumi yangu, mkia unaingia barabarani.

Maitu, mama yangu, hakucheka nilipomweleza. Tangu baba afe mama anaishi nami Ruiru, chumba kimoja, ghorofa ya tatu. Analima kitunguu kwenye ndoo. Hajawahi kuniomba kitu ila kimoja: nyumba ndogo Gatuanyaga, ng'ombe mmoja, na mahali pa maharagwe. Kwenye utepe ule wa ardhi hapatoshi.

"Mwachilie," akasema. "Hajui. Wewe ndiye ulisoma."

Alhamisi, 15 Mei

Nimempigia Baba Mdogo Kariuki, ndugu ya baba, ndiye atakayesimamia Jumapili. Mzee wa kanisa. Nimemweleza polepole, kama ninavyoeleza watoto.

"Waya ya fence si ni ile ile? Sasa unataka nini ingine?"

Mungu wangu.

Hawa ndio watakaoamua mama yangu atalala wapi. Na matoka yakishapandwa, basi. Kwetu itoka la mpakani haling'olewi. Ukiling'oa umejiitia laana, na hata mimi, kwa elimu yangu yote, singethubutu.

Ijumaa, 16 Mei

Nimewapa darasa swali lile lile. Mashamba mawili, vigingi ishirini kila moja. Lipi kubwa? Wengi wamesema yametoshana. Baba Mdogo angepata wenzake hapa. Ningempa kiti cha mbele.

Jumapili, 18 Mei

Mbuzi alichinjwa. Matoka yalikuwa kwenye gunia, mizizi bado ina udongo. Maitu alikaa kwenye kiti cha plastiki, mkoba magotini.

Nilikuwa nimebeba karatasi kubwa ya manila. Nikachora. Nikagawa miraba. Wazee walinitazama kama mbuzi anavyotazama gari. Ndung'u akasimama, akahesabu vigingi, wote wakaitikia kwa vichwa. Baba Mdogo akainua itoka la kwanza.

Hasira ilinipanda. Nikakunja karatasi. Nikasema haya, nimekubali, ni sawa kabisa. Basi tubadilishane. Mimi nichukue ya nyuma, yeye achukue ya mbele.

Baba Mdogo alifurahi. "Hiyo si maneno. Sawa ni sawa. Ndung'u, chukua ya barabara."

Ndung'u akageuka kutazama kipande cha nyuma.

Akaulizwa tena. Akatazama viatu vyake. "Lakini Baba Mdogo, hiyo ya mbele ni kadogo."

Maitu akaziba mdomo kwa kitambaa chake cha kichwa. Baba Mdogo akalirudisha itoka kwenye gunia, akamwambia Ndung'u akatengeneze mpaka upya, na safari hii autengeneze akijua baba yake anamwona.

Nilimfuata nikiwa na jibu tayari mdomoni. Nilikuwa nimelipiga usiku kucha kwenye karatasi: mstari urudi nyuma mita kumi na sita, kila mtu apate elfu moja mia saba. Nilingoja aniulize. Hakuniuliza. Alivuta tepu, akainama, akapiga kigingi.

Nikasoma tepu. Kumi na sita.

Matoka yamepandwa hapo. Nyama nilikula, lakini sikuisikia ladha.

Jumatatu, 19 Mei

Maitu ameamka mapema kuchambua mbegu za maharagwe. Anaimba. Hajamtaja Ndung'u.

Mpumbavu ningemsamehe. Nilikuwa nimeshaanza.

Nimefika shule kabla ya wengine. Nimekaa staffroom, daftari la kwanza limefunguka mbele yangu, kalamu nyekundu mkononi. Sijasahihisha. Nimeangalia sakafu. Siku ile ya kuiweka, Ndung'u alipima chumba mara moja, akaenda dukani bila kuandika popote, akarudi na maboksi yake. Hakikubaki hata kigae kimoja.