Stelingi wa Filamu Yetu

Leicester, Jumapili. Ukungu tangu alfajiri, na hasira tangu jana.

Jana nilitazama tena filamu ya kampuni ya santuri. Ya rock, kama kawaida. Nimetazama nyingi za namna hii tangu nistaafu, hata naweza kuzifuata nikiwa nimefumba macho. Kuna ofisi yenye moshi wa sigara. Kuna bosi aliyebana simu begani. Ameweka nyumba rehani, mkewe amenuna, na hakuna anayemwamini isipokuwa yeye mwenyewe. Kisha wanaingia vijana wenye nywele ndefu. Wanachelewa, wanalewa, wanagombana. Bosi anavumilia. Mwishoni uwanja umejaa watu, na kamera inamtafuta yeye, amesimama nyuma ya pazia, anajifuta machozi.

Wanamuziki katika filamu hizi ni kama mvua. Wanamharibia bosi shughuli zake, kisha wanamstawishia shamba.

Sikuitazama kwa starehe. Nilitaka kujua kijana Baraka, mwongozaji aliyenitumia mswada, ameitoa wapi filamu yake.

Niliwahi kuandika hapa kwamba nilizaliwa Kariakoo, katika nyumba ya ghorofa aliyoijenga babu yangu na serikali ikaitaifisha. Tuliendelea kuishi humo kama wapangaji hadi tulipoondoka nchini. Hilo sina kinyongo nalo tena. Kinyongo changu siku hizi kina kazi nyingine.

Jambo ambalo sikuliandika ni kwamba miaka hiyo nilipiga gitaa la besi. Mimi, Jayanti, mtoto wa muuza vitambaa, niliyetakiwa kusomea uhasibu na nikausomea. Bendi ilikuwa ya watu watano, na roho yake ilikuwa Saidi. Wazazi wake walitoka Lindi. Yeye alikuwa fundi katika karakana ya reli, Gerezani. Alitunga, aliimba, na alipenda rock kuliko sisi sote, ila aliiimba kwa Kiswahili na juu ya mambo tuliyoyajua: foleni ya sukari, mwenye nyumba, msichana wa Mtaa wa Swahili aliyekataa kumtazama. Msichana huyo Saidi alimwoa baadaye. Ni Bi Mwanahawa, mjane wake, ambaye mpaka leo ananiita shemeji.

Nyakati hizo gitaa la kukoroma lilihitaji maelezo. Ndugu mmoja wa tawi la chama alisimama mlangoni mwa ukumbi tulimofanyia mazoezi akamuuliza Saidi anamwigiza mzungu gani.

"Naigiza treni, ndugu," Saidi akamjibu. "Njoo karakana nikutambulishe."

Yule ndugu alicheka bila kutaka. Hakurudi tena.

Halafu akaja tajiri. Sitamtaja jina, wajukuu wake wapo, na ndio wanaoigharamia filamu ya Baraka. Alikuwa na duka la santuri Kariakoo na alikuwa anapeleka bendi Nairobi kurekodi, maana kwetu hapakuwa na mtambo wa kutengeneza santuri. Alitupeleka. Tulirekodi wimbo mmoja, mrefu, kama nyimbo zote za dansi za wakati ule.

Asiyejua, nimweleze. Wimbo wa aina ile ulikuwa na nusu mbili. Nusu ya kwanza ni kisa, taratibu. Nusu ya pili ni chemko: magitaa yanashika moto, na mwimbaji anawaita wapigaji mmoja mmoja kwa majina, anawachokoza, anawasifu, mwisho anajitaja mwenyewe na mtaa wake. Kwenye santuri ndogo, kisa kinakaa upande wa kwanza na chemko upande wa pili. Unasikiliza, unageuza sahani, unaendelea.

Santuri yetu ilipotoka, tuliigeuza. Upande wa pili tulikuta bendi nyingine kabisa, na wimbo mwingine.

Tajiri alifanya hesabu zake: sahani moja, bendi mbili, wateja wa aina mbili. Chemko akalitupa. Na pale katikati, kwenye karatasi ya duara, mahali pa mtunzi aliandika jina lake.

Sisi tulikuwa na ujinga wetu. Hakuna kati yetu aliyewahi kumwambia mtu aandike majina yetu popote. Kwa nini tumwambie? Saidi ameshayaimba. Kwetu jina likiimbwa limetangazwa, na nani atabisha? Hatukufikiria kwamba sauti inakatwa kwa mkasi kama kitambaa, mimi ambaye nililelewa katikati ya vitambaa.

Wimbo ulipendwa. Ulipigwa kwenye migahawa kuanzia Gerezani hadi Posta. Saidi alikuwa anakunywa chai na wenzake wa karakana, wimbo ukaanza, akawaambia, "Huyo ni mimi." Alinisimulia mwenyewe, huku akicheka kwa upande mmoja wa mdomo.

"Wewe?" mmoja akamwambia. "Basi na mimi ndiye niliyejenga reli ya kati. Kunywa chai yako, Saidi, grisi inakungoja."

Hakuacha kuimba siku ile. Aliacha kusema kwamba anaimba. Bendi ilikufa polepole, mimi nikaondoka, yeye akabaki karakana mpaka alipostaafu, na akafariki bila kuingia studio tena.

Bi Mwanahawa hunipigia kila Jumatatu baada ya alasiri. Miezi michache iliyopita alinipigia siku isiyo yake. Alisema kuna kijana mwongozaji amekuja nyumbani, anatengeneza filamu ya muziki wa zamani, na Saidi yumo. Sauti yake ilikuwa ya yule msichana wa Mtaa wa Swahili.

"Shemeji, hawa wajukuu nikiwaambia babu yenu huyu mnayemsikia kwenye simu, wananiambia bibi unaota. Sasa watamwona. Wameshaanza kuwatambia wenzao."

Nikamwambia ni jambo jema. Nilidhani ni jambo jema.

Baraka ni kijana mwenye adabu. Kila simu inaanza na shikamoo. Alinieleza kwamba mwanasheria wao anataka idhini mbili ili jina la Saidi litumike: ya mjane, ambaye ameshakubali, na ya mwanabendi aliye hai. Wa hivyo nimebaki mimi. Pia aliniomba nitokee mwishoni mwa filamu, mimi mwenyewe, na uzee wangu, niseme sentensi moja. Akanitumia mswada wote nisome.

Nimeusoma mara mbili. Katika filamu hiyo tajiri anatoka dukani asubuhi na kumkuta kijana mlevi amelala barazani. Anamwinua, anampa chai, anamsikia akiimba. Kijana huyo ni Saidi. Baadaye analewa tena na kutoroka Nairobi, na tajiri anamtafuta usiku kucha na kumrudisha studio. Ni filamu ile ile ya jana. Wamebadilisha hali ya hewa tu.

Saidi hakuonja pombe maishani mwake. Kwenye baa tulizopiga alikuwa anaomba maji, na wahudumu walimwita shehe.

Na sentensi yangu ni hii: "Bila yeye, sisi tusingekuwa kitu." Huyo "yeye" ni yule tajiri.

Leo asubuhi nikampigia Baraka. Nikamweleza kila kitu nilichoandika hapa, kuanzia karakana hadi ile karatasi ya duara. Alisikiliza vizuri. Sina sababu ya kusema alinidharau.

"Mzee wangu, nakuelewa kabisa," akasema. "Lakini filamu lazima iwe na stelingi. Watu wanataka mtu mmoja wa kumfuata. Sasa nikimtoa tajiri, anayelipa nani?"

"Basi stelingi awe Saidi."

"Saidi anaishia karakana, mzee. Hiyo inaisha vibaya."

Nikamwambia ndivyo ilivyoisha. Nikamwomba angalau aondoe ulevi. Akasema bila ulevi tajiri hana cha kuokoa, na hadithi inalala. Nikamwambia kama ni hivyo sitoi idhini, na ile sentensi amtafutie mtu mwingine.

Nilitegemea abembeleze. Hakubembeleza.

"Haina shida, mzee. Tutabadilisha jina tu. Ataitwa Juma."

Akaniaga kwa heshima zote. Simu ilipokatika nilikaa jikoni na kikombe cha chai mpaka ikapoa. Nilikuwa nimejiandaa kwa vita. Nimeshinda, na sijui nimebeba nini mkononi.

Nimekuwa nikijipongeza tangu mchana, kisha najikatiza. Nimemkinga rafiki yangu asionekane mlevi mbele ya watu. Nimemtoa pia kwenye filamu pekee itakayowahi kumtaja. Watazamaji watausikia wimbo, maana wimbo ni mali ya familia ya tajiri na hawahitaji kuniuliza mimi. Watausikia ukitoka mdomoni mwa Juma.

Bi Mwanahawa hasomi miswada, na sikumwambia kilichomo. Nilijiambia nisimwumize. Aliwahi kuniuliza jambo moja tu: "Wamemweka Saidi vizuri?" Nikamjibu kwamba wamemweka.

Labda angekataa kwa ukali kuliko mimi. Anamjua mumewe, angemfukuza Baraka barazani kwa ufagio. Au labda, kwa ajili ya wale wajukuu, angemchukua Saidi mlevi kuliko kumkosa kabisa, kisha akawaeleza mwenyewe kwa miaka iliyobaki kwamba ile pombe ni uongo ila sauti ni yake. Ni mwanamke mwenye akili. Angeweza kuamua.

Sikumuuliza.

Kesho ni Jumatatu. Nitampigia asubuhi, kabla hajapiga yeye, na nitaanza na pombe, si na Juma. Akinitukana nitasikiliza mpaka amalize.