Wasomaji wa Bi Tabu

Jumatatu, 7 Mei 2012

Elfu sita na ushei! Dokta Batholomeo katoka ofisini kwake mbio, miwani mkononi, akatuita wote tuje tuone. Wote wenyewe tuko watatu – mimi, Fredy wa kompyuta na Brightness wa mapokezi. Andiko letu la Kondoa limefunguliwa mara elfu sita na ushei tangu liwekwe mtandaoni. Yale mengine ya taasisi, la mizabibu na la visima, hayajafika hata mia mbili.

Wafadhili siku hizi hawaulizi umeandika kurasa ngapi. Wanauliza nani kasoma, yuko wapi, kamtumia nani. Wanakuja Alhamisi ya tarehe 24. Wakiridhika, mradi unaendelea. Wasiporidhika tunafunga mlango – Dokta kasema hivyo bila kupepesa macho. Ripoti ya wasomaji nimepewa mimi niiandae.

Kusema kweli nimefurahi. Mahojiano yale nilikwenda na Dokta mwaka jana, nyumba kwa nyumba kwa wajane, kule milimani juu ya Kolo. Kichwa cha andiko Dokta alikitoa kwenye maneno ya Bi Tabu, mmoja wa wajane hao: "Nyumba Hii Si Yangu: Wajane wa Rangi na Urithi Kondoa." Mimi nilisema afadhali "wa Kirangi", ndivyo watu wanavyosema. Akasema kimataifa kabila la Warangi wanaliandika Rangi. Haya.

Bi Tabu mwenyewe ndiye aliyetaka jina lake liandikwe. Tangu mumewe afariki, shemeji yake Habibu anamwambia ahame, nyumba ni ya ukoo. Andikeni, alisema, watu wajue. Basi wamejua, mama. Elfu sita!

Jumatano, 9 Mei

Nimecheka mpaka mbavu zinauma. Sasa sicheki tena.

Fredy kanifungulia ukurasa mwingine, ule unaoonyesha mtu alikuwa anatafuta nini kabla hajatua kwetu. Nikasoma: rangi ya nyumba. Rangi nzuri za nyumba. Rangi ya sebule. Rangi ya nyumba isiyotoka na mvua. Bei ya rangi nyumba vyumba vitatu. Mistari na mistari! Watu wanajenga, wanataka kupaka rangi, mtandao unawaletea wajane wa Kondoa. Wanachungulia, wanaondoka zao.

Fredy kasema, dada Paska, hawa si wasomaji, hawa ni mafundi rangi.

Nikampelekea Dokta. Kaangalia muda mrefu, kavua miwani, kaivaa tena. Halafu kasema aliyefungua amefungua. Duka halimuulizi mteja kwa nini kaingia. Niandike idadi, hayo maneno ya kutafutia niyaache, hakuna aliyeyaomba.

Nikasema sawa, Dokta. Mimi! Mimi ambaye ofisi nzima inajua nilivyo na mdomo. Ila mkataba wangu unaishia Juni na Dokta ndiye anayesaini, basi mdomo nao ukajua pa kunyamaza.

Ijumaa, 11 Mei

Nimempata! Msomaji wa kweli, mmoja, katikati ya mafundi rangi wote wale. Kaandika: "bi tabu kolo nyumba wajane". Mji: Kondoa. Kakaa kwenye andiko karibu nusu saa, kapakua lote, na kesho yake karudi tena. Fredy anasema mtu wa namna hiyo ni nadra, wengi hawamalizi hata ukurasa wa kwanza.

Nilitamani kumkumbatia mtu. Nimewaza atakuwa mwalimu, au huenda ni Amina, binti yake Bi Tabu, yule aliyetuchemshia chai. Nikaandika aya nzuri kwenye ripoti: "Utafiti umerudi kwa jamii ulikotoka." Dokta kaisoma kwa sauti, kaongeza neno "impakti", lile wanalolipenda wafadhili, mara mbili. Akanipa na mkono.

Jumapili, 13 Mei

Hapa kwangu Nzuguni, Dodoma, upepo tangu asubuhi, vumbi mpaka ndani ya chai. Misa, kufua, kupiga pasi. Nilitaka kumpigia Bi Tabu nimwambie anasomwa hukohuko kwao. Sikupiga. Ripoti kwanza.

Alhamisi, 17 Mei

Amepiga yeye.

Nilipoona namba ya Amina nikatoka nje na kicheko tayari mdomoni. Shikamoo mama! Marahaba, mwanangu. Halafu akauliza, sauti ya chini, mliandika nini kule?

Leo kulikuwa na baraza la kata, kesi ya nyumba. Mimi hata sikujua kwamba imefika barazani. Habibu kaingia na karatasi zimebanwa vizuri, kazichapisha stationari mjini. Kasimama mbele ya wazee akasoma kichwa cha habari, taratibu, mara mbili. Nyumba Hii Si Yangu. Akasema hayo si maneno yangu mimi Habibu, ni yake mwenyewe huyu mama, kawaambia wasomi wa Dodoma, na dunia nzima imeyasoma.

Mwenyekiti, mzee Athuman, akamuuliza Bi Tabu: uliyasema au hukuyasema?

Akasema niliyasema. Ni kweli aliyasema, na yeye si mtu wa kukana alichosema. Akaongeza, lakini nilikuwa nawakaribisha wageni! Hapo watu wakacheka barazani, ananiambia, na Habibu akacheka kuliko wote.

"Mwanangu, mgeni akija mlangoni utamwambia nyumba ni yangu? Wewe kwenu ungesema hivyo?"

Baraza limeahirishwa hadi Alhamisi ijayo, walioandika waende wakaseme wenyewe. Akiikosa nyumba hii hana pengine. Kwao alikozaliwa kaka zake wameshagawana.

Kumbe msomaji wangu wa Kondoa ni Habibu. Nusu saa nzima alikaa na andiko letu. Na mimi nimemwandikia aya nzuri.

Ijumaa, 18 Mei

Leo nimesikiliza rekodi. Inaanza na sauti yangu: hodi, hodi wenyewe! Kuku wanakimbia. Kisha yeye, anacheka: karibuni, karibuni ndani jamani, msisimame mlangoni, nyumba hii si yangu, ni yenu.

Ni yenu!

Dokta alikata hapo katikati, akachukua nusu, akaiweka juu kabisa kwa herufi kubwa. Na mimi nilichapa ule ukurasa, nikasema Dokta, kichwa hiki kimetulia. Kila nyumba niliyowahi kuingia nchi hii nimeambiwa maneno ya namna hiyo. Bukoba kwetu mama huwaambia wageni hivyohivyo, hata wale asiowapenda. Yakishapanda kwenye karatasi tu nayaona ni kilio cha mjane. Najuta.

Nikaenda kwa Dokta na kinasa sauti. Kasikiliza mpaka mwisho. Si mtu mbaya, niandike hivyo maana nina hasira. Alimpelekea Bi Tabu sukari na sabuni, hakuna aliyemtuma. Kasema itarekebishwa kwenye toleo la pili, baada ya wageni. Nikamwambia baraza ni siku hiyohiyo ya wageni. Akasema mabaraza huahirisha kila mara, Paskazia, wataahirisha tena. Tena akachukua kinasa sauti, akakifungia kabatini. Rekodi haitoki ofisini, kasema. Siri ya mhojiwa.

Siri! Mtu tuliyemtangaza kwa mafundi rangi wa nchi nzima.

Jumatatu, 21 Mei

Fredy nimemsimulia yote. Kasikitika, kijana ana moyo. Kasema neno la siri la tovuti analo yeye, naweza kuliondoa andiko dakika hii, dada, wewe sema tu. Kweli akafungua, mshale ukasimama juu ya kitufe.

Nikauliza kaunta, ile inayohesabu waliofungua, itakuwaje. Akasema inaondoka nalo.

Nikasema subiri.

Nimesema subiri mimi, hakuna aliyenilazimisha, Dokta hata hakuwepo. Nilimwaza mdogo wangu Optatus yuko chuo. Nikamwaza Fredy mwenyewe, na Brightness ana mtoto mchanga. Nikajiambia Habibu ameshachapisha, kuondoa sasa kunasaidia nini. Sababu zilikuja nyingi mno, na zote nzuri. Bi Tabu peke yake ndiye sikumwaza mpaka nilipofika nyumbani.

Jumanne, 22 Mei

Ripoti imekwisha. Ina michoro ya rangi. Inapendeza sana. Nimeshindwa kula.

Jumatano, 23 Mei

Niko Kondoa. Nimemwambia Brightness aseme naumwa. Kabati limefungwa, ufunguo anao Dokta, kwa hiyo nimekuja na mdomo wangu tu.

Bi Tabu kanipokea begi. Ugali, mlenda, maji ya kunawa, kila kitu kama mwaka jana. Angalau angenifokea! Nilipiga magoti nikamwomba radhi, akasema inuka mwanangu, chakula kinapoa. Amina hakutaka kunitazama. Huyo ndiye aliyekuwa mkweli kwangu leo.

Tulipomaliza kula Bi Tabu aliniuliza hao watu elfu sita ni akina nani. Habibu kaitaja ile idadi barazani, imeandikwa chini ya ukurasa. Nikasema ni watu wa kila mahali, mama. Akatikisa kichwa. Akauliza, sasa katika wote hao, hakuna hata mmoja aliyeuliza yule mama kesi yake iliishaje?

Nilitaka kumwambia habari za rangi. Ningemwambiaje? Kwamba walikuwa wanatafuta ya kupaka sebuleni? Nikamwambia hapana, mama, hakuna.

Akasema watu wana shughuli zao. Akaenda kunitandikia.

Alhamisi, 24 Mei

Naandika hapa nje ya ofisi ya kata, kwenye benchi. Baraza limesimama kwa swala ya adhuhuri.

Nilisimama asubuhi nikaeleza yote. Hodi, karibu, kicheko chake, "ni yenu". Nilieleza vizuri, nadhani. Akina mama waliokaa nyuma walikuwa wanaitikia. Hata wazee wawili waliguna, maana nani asiyejua maneno ya kukaribisha mgeni? Habibu kainama tu, anakunja karatasi zake.

Halafu mzee Athuman akaniuliza jina. Paskazia. Akapekua andiko, karatasi kwa karatasi, kidole kwenye mistari. Akapekua tena. Akasema, binti, umezungumza vizuri, lakini jina lako humu silioni.

Kweli halimo. Mwishoni kuna mstari wa shukrani kwa "wasaidizi wa utafiti". Niliuchapa mwenyewe.

Akasema mwenye maandishi ni huyu aliyeandikwa juu, Daktari Batholomeo. Yeye ndiye aseme alisikia nini. Kama hawezi kuja, apigiwe simu, wote tumsikie, neno lake tutalichukua. Baada ya swala. Hakuna kuahirisha tena.

Si mzee mkorofi. Nimejaribu kumchukia, nimeshindwa. Anataka tu mwenye neno aliseme mwenyewe.

Nimempigia Dokta, hapokei. Nimepiga tena, kakata. Wageni wapo naye saa hizi. Nikamwandikia: Niko Kondoa barazani. Naomba upokee, dakika mbili tu, useme alisema "ni yenu". Nyumba yake inakwenda.

Habibu kapita hapa akielekea msikitini. Kanisalimia kwa adabu zote, dada habari za safari. Kanishukuru kwa utafiti mzuri. Hakuwa ananikejeli! Anaamini kabisa tumemwandikia yeye. Pale ukutani vijana wamejazana na simu zao, wanalitafuta andiko wajionee wenyewe, mmoja anawasomea wenzake kwa sauti. Kondoa nzima inasoma.

Bi Tabu yuko pembeni yangu. Anafunga na kufungua pindo la kanga.

Simu imelia. Ujumbe. Dokta.

"Wageni wamefurahi mno! Tumewafungulia kaunta mbele yao, Kondoa inapanda sasa hivi, dakika kwa dakika. Wanauliza mmefanyaje. Pole kwa kuumwa. Kama uko huko waambie wazidi kufungua. Mengine tutaongea."

Nimeisoma mara tatu nikitafuta Bi Tabu yuko wapi humo. Hayumo.

Ananiuliza, amesemaje Daktari? Nimemwambia bado hajajibu. Mwongo mimi! Yeye aliulizwa mbele ya watu akasema niliyasema, na maneno hayo yanamtoa nyumbani kwake. Mimi nimeulizwa na yeye tu, kwenye benchi, nimedanganya.

Wanatoka msikitini. Mzee Athuman ameshakaa. Anaita simu iletwe mezani, iwekwe sauti ya nje, Daktari apigiwe sasa hivi. Bi Tabu kasimama, kajifunga kanga, ananyoosha mkono nimpe simu aipeleke yeye. Ujumbe uko palepale kwenye kioo. Kusoma anajua. Nifute, au nimpe hivihivi asome –