Harusi ya Wazee Kumi na Mmoja

Kaka Masanja, shikamoo.

Jana Jumanne asubuhi niliibiwa kadi ya kamera hapa Katoro, ile yenye mahojiano yote ya wazee waliohamishwa kupisha machimbo. Nilikuwa uani mwa gesti nakula michembe ya viazi vitamu vilivyokaushwa na karanga, vumbi hadi kwenye kikombe. Kitabu cha wageni nilikuwa nimekijaza kama siku zote: nimekuja kupiga video ya harusi. Mwanamume nisiyemjua akavuta kiti, akacheka. "Dada, harusi gani hiyo ina wazee kumi na mmoja wanaolilia mashamba?"

"Wajomba wa bibi harusi hao," nikamjibu. Kurudi chumbani, kadi haipo.

Kaka, kila mzee nilimhoji peke yake, kwake, kwa siri. Idadi kamili nilikutajia wewe tu, Jumapili, kwenye simu. Sura zao zote zimo kwenye kadi iliyoibwa.

Msalimie mama, mwambie michembe ya huku haifikii yake. Kadi hii ninayokuandikia nampa kondakta wa basi, utaipata kesho. Ulimwambia nani? Nataka jina kabla ya Ijumaa saa sita mchana, niwahi kuwaonya wazee.

Mdogo wako, Kulwa