Midomo ya Stoo ya Alizeti

Jumanne, 8 Julai 2003
Mwanangu Hilaria kaja na gazeti kutoka Arusha. Makala yake imetoka, moja ya zile anazoandika juu ya chakula na watu wanaokihangaikia. Safari hii ni sisi. Stoo ya alizeti hapa Endasak, wanawake tunaopepeta, bosi anavyotuimbisha kutwa ili midomo isitafune mbegu. Jina la mtu hakutaja. Nikasoma polepole mpaka hapa: mama mwenye mtoto mgongoni, alinyamaza akohoe, akakatwa ujira wa nusu siku. Mwenye mtoto mgongoni ni Agatha tu. Na niliyemsimulia Hilaria ni mimi, tukimenya viazi.

Nikasema mwanangu, umemwanika mtu. Kasema mama, mambo ya kazi tukiyanong'ona yatapotea. Wewe unarudi Arusha, nikamwambia. Agatha anabaki hapa.

Alhamisi, 10 Julai
Gazeti limemfikia bosi Alfredi. Mgeni wa huku, hajui Hilaria ni wangu. Wenzangu wote wanajua. Kauliza nani kapeleka maneno. Kasema ana watu wakubwa Babati, makao ya mkoa siku hizi yako karibu. Mwenzetu Helena kadakia: labda panya, bosi, wao wanakula na hawaimbi. Tukacheka kwa pua. Bosi alikuwa anamtazama Agatha.

Ijumaa, 11 Julai
Nimempelekea Agatha maziwa. Nikamwambia kesho namwambia bosi ni mimi. Kasema, Mama Gerald, watoto wako utawalisha gazeti? Nyamaza.

Nikamtii, nikarudi nyumbani.

Jumamosi, 12 Julai
Agatha kazuiwa mlangoni. Kaambiwa aende akaimbe gazetini. Bosi kafunga mlango — haya, imbeni. Mwanzishaji wa nyimbo ni mimi, tangu stoo ifunguliwe. Wakanisubiri. Ungo mkononi. Bosi kasema Mama Gerald, anzisha.

Nikaweka ungo chini. Nikamwambia aliyesema ni mimi, mwandishi ni mwanangu, Agatha hajui kitu. Nikafungua mlango nikatoka.

Naandika nimeegemea ukuta wa stoo. Agatha ananyonyesha hapa pembeni. Kaniita mjinga, halafu kanisogezea kanga niikalie.

Ndani bosi anamwambia Helena aanzishe. Kamwambia tena, kwa ukali.

Hatujasikia wimbo. Ungo hata mmoja hausikiki.